Kifo cha Inspekta Brodersen

Nimezeeka nikimwongoza Inspekta Brodersen. Kila Jumapili jioni nusu ya Ujerumani hukaa mbele ya runinga, sahani ya mkate mapajani, ikimwangalia akikamata wauaji, na kila Jumatatu mwenye duka la mikate hapa mjini Husum hunichokonoa nimwambie muuaji wa wiki ijayo ni nani. Mimi mwenyewe ninataka kutengeneza nini, hakuna aliyewahi kuuliza.

Ninachotaka ni filamu ya mama yangu, aliyemenya uduvi jikoni mpaka vidole vikapinda. Nimeiomba tangu kabla sijaota mvi, na jibu ni lile lile: Brodersen kwanza. Mwaka huu watazamaji wakapungua, na Gesine, mtayarishaji wetu, akaniita akiwa na tabasamu pana.

"Muue," akasema. "Ukimuua vizuri, filamu ya mama yako ipo."

Nililala usingizi mnono wiki nzima.

Tulimuulia kwenye tope la bahari, maji yakiwa yamekupwa. Hinnerk Paulsen, anayemwigiza Brodersen tangu mwanzo, alilala chali na damu ya rangi kifuani. Kamera ikamsogelea polepole, naye akakata roho vizuri kuliko alivyowahi kuigiza kitu chochote. Halafu, pale mwisho kabisa, kidole chake kikacheza.

"Kata!" Nikamwendea, viatu vikinasa topeni. "Mzee, maiti gani inachezesha kidole?"

"Baridi hiyo, dada."

"Baridi! Hinnerk, tunajuana."

Akafumba macho. "Nikienda kununua samaki naitwa Inspekta. Mke wangu mwenyewe ananiita Inspekta. Ukimzika huyu, Wiebke, mimi narudi nyumbani nikiwa nani?"

"Hilo halinihusu."

"Linakuhusu sana. Na wewe je, kesho utaamka ukiwa nani?"

Nilitaka kumzaba kofi.

Gesine akafika, akinyanyua miguu kama kuku anayeogopa kulowa. "Kidole nimekiona," akaninong'oneza. "Tukikiacha, Brodersen yu hai, na wakubwa watataka aendelee. Ukirudia, amekufa, na Jumatatu unaanza filamu yako. Haya bosi, kazi kwako."

Jumatatu. Nikajaribu kuiona siku hiyo: jiko, meza, mwanamke anamenya uduvi. Kamera niiweke wapi? Brodersen huingia kwa mlango wa kushoto, maiti iko sakafuni, mjane analia dirishani. Hayo naweza kuyapiga picha nikiwa nasinzia. Lakini mama yangu alikaa tu pale mezani akimenya, na mimi sikujua nimwambie afanye nini. Nikaogopa.

Wote walikuwa wananisubiri. Hinnerk alikuwa bado amelala topeni, wala hakunitazama.

"Hatuna muda wa kurudia," nikasema. "Maji yanajaa. Fungeni vifaa."

Wakageuka kutazama bahari. Lilikuwa tope tupu mpaka macho yanapoishia, na maji hayakuonekana popote. Hata hivyo wakaanza kukunja nyaya, na Hinnerk akaninyooshea mkono, nami nikamwinua.