Matabishi Chini ya Sahani

Msinicheke mkiniona natokwa jasho kwa sababu ya pesa iliyolala chini ya sahani. Nina haki yangu ya kuogopa.

Ilikuwa Elisabethville, Kongo ya Wabelgiji, mwaka 1934. Sisi maboyi wa hoteli tulijua matabishi, yaani bakshishi, ya namna moja tu: mteja anakuita, anakupa mkononi, patron, mwenye hoteli, anaona. Patron asipoona, ni wizi. Mwenzangu Chomba aliokota faranga moja sakafuni, akanyamaza nayo. Alichapwa mbele yetu sote, kitabu chake cha kazi kikachanwa, na bila kitabu mji ukamfukuza.

Basi asubuhi moja mgeni kutoka Ulaya alimaliza kahawa, akatoka mbio kuwahi treni. Nikainua sahani. Noti ya faranga ishirini! Patron alikuwa ametoka. Nikiiacha, mwingine ataichukua, nami ndiye nitakayeulizwa. Nikiichukua, nimekwisha. Na mke wangu Wivine alikuwa na mimba ya miezi minane.

Nilikimbia na aproni yangu mpaka stesheni. Mgeni alikuwa dirishani, treni inaanza kusogea. Nikamnyooshea ile noti. Nilitaka kumwambia amesahau pesa yake, lakini pumzi sina, Kifaransa kimenitoroka. Akaitazama noti, akanitazama mimi, uso ukamwiva. Akatoa ishirini nyingine, akanisukumizia kiganjani kwa hasira. Mjinga yule alidhani nimekuja kudai nyongeza!

Treni ikaenda zake. Hapo ndipo nilipoogopa kweli: faranga arobaini mkononi, na shahidi wangu amekwenda. Kabwe, polisi wa stesheni, akanikamata kola.

“We boyi, faranga yote hii unaiba wapi?”

“Hapana, baba. Ni muzungu mwenye alinipatia.”

“Yeye iko wapi?”

“Treni inaisha kumubeba.”

Akaniburuta hotelini. Patron alikuwa amerudi, Kabwe akamkabidhi zile noti.

“Muzungu alikuachia ngapi?” patron akaniuliza.

“Makumi mbili, patron.” Ndiyo kweli, ningesema nini?

Akazitandaza noti zote mbili mezani. “Na hii ingine?”

Nikaeleza. Mbio, dirisha, mkono wangu. Kadiri nilivyoeleza, ndivyo hata mimi nilivyojisikia mwongo. Patron hakunipiga. Alifungua droo, akatoa kitabu changu, akakichana vipande viwili.

Bila kitabu, tulirudi kwetu Pweto kwa miguu. Wivine alijifungua njiani, karibu na Lukafu, na mtoto hakulia.