Sinia la Luteni Yasuzo

Fusa alifunua kwanza bakuli la mumewe, maana ndiye mkubwa, akakagua ndani ya kifuniko. Matone yalikuwa yamejaa. Akafunua la Yasuzo, mdogo wake yeye Fusa, nalo vilevile. Kila asubuhi ya vita na Warusi, wanawake wa Kanazawa, huko Japani, waliwaandalia masinia watu wao walio mbali kana kwamba wamekaa hapo mkekani: wali, supu, figili ya kuchachusha. Kifuniko kikilowa, mtu wenu yu hai. Kikiwa kikavu, anza kushona nguo za msiba. Fusa akashukuru, akala chakula chao kabla hakijapoa, akaenda kufua.

Habari zilikuja mbili kwa pamoja. Mumewe, Kanali Hirasawa, alikuwa ameteka kilima kimoja kikubwa na amepandishwa kuwa jenerali. Yasuzo, luteni chini yake, alikuwa ameshuka kutoka kilima hichohicho bila amri, akafa akikimbia, yeye na watu wake wote. Mwili haukuonekana, na jina lake halikupokewa kule wanakoheshimiwa waliokufa vitani. Mama yao, Bi Tsune, aliyekuwa akiishi na Fusa, akaacha kwenda kisimani mchana, kwa sababu majirani walikuwa wakinyamaza akifika. Alitaka kitu kimoja tu kabla hajafa: mwenye cheo aseme kwamba mwanawe hakukimbia, ili aweke kibao chenye jina lake kwenye madhabahu ya nyumbani, pamoja na wazee. Kumweka mtoro pale ni kuwatukana wazee, na Bi Tsune hakuwa mtu wa kutukana wazee.

Sasa, marehemu asiye na kibao hana pa kuwekewa chakula. Fusa akafanya kosa ambalo mwanamke yeyote wa mtaa ule angemkanya asilifanye: akaendelea kumwandalia maiti sinia la walio hai. Roho yake ilikataa kumwacha ndugu yake na njaa, basi. Kifuniko kikaendelea kulowa. Asubuhi moja, theluji ilipoanza, alimkuta Yasuzo mwenyewe amepiga magoti nyuma ya sinia, na sare yake, theluji mabegani, anakula.

"Dada, figili imezidi chumvi," akasema.

"Mwaka huu zote ndivyo zilivyo," Fusa akajibu, akamwongezea wali.

Bi Tsune akaja, akamwangalia mwanawe juu mpaka chini, akamgombeza kwa kuulowesha mkeka. Alipopapasa akakuta mkeka mkavu. Theluji ile haikuwa ya kuyeyuka. Wakamuuliza kwa nini haendi waendako wafu wenzake. Alieleza bila kunung'unika kwamba kanali alimwambia ashikilie kilima mpaka atakapoitwa. Warusi walipanda, wakashuka, wakapanda tena kwa wingi, wote upande wake, na nyuma yao kanali akapata njia nyeupe ya kufika kileleni. Watu wake wakaisha. Yeye mwenyewe hakumbuki kama ilikuwa risasi au baridi. Ila hajaitwa. Hata sasa yuko kilimani. Hapa huja kula tu, kisha anarudi kazini.

Hapo machale yakamcheza Fusa, na hayakutulia tena.

Jenerali aliporudi na nishani yake, Fusa hakumtazama nishani, alimtazama uso. Akamwona anaingia chumba cha kulia, anamwona shemeji yake, na uso haubadiliki hata kidogo. Jenerali alisogeza mto wake, akakaa akilipa mgongo sinia lile, akaomba chai. Mtu mwenye roho safi angeuliza, hata kwa kubabaisha, huyu vipi. Huyu alijua. Tangu siku ile Fusa alimsikiliza mumewe kwa masikio yote mawili. Wageni wakija, kilima kilitekwa kwenye ukungu; wakija wengine, kulikuwa na jua kali. Mara alipanda kwa kulia, mara kwa kushoto. Luteni aliyekimbia tu ndiye hakubadilika.

Naye Jenerali hakuwa mjinga. Alianza kumdodosa mpishi juu ya yale mkewe na mkwewe wanayozungumza jikoni, na chai akawa hainywi mpaka Fusa anywe kwanza. Wakaishi hivyo, mtu na mkewe, kila mmoja akimpima mwenzake kwa jicho la pembeni.

Majirani nao walisema nyumbani kwa Jenerali kuna mwanamume anafichwa. Akaja kapteni wa polisi wa jeshi. Alimkuta Yasuzo kwenye sinia lake, akafikiri, akasema kwamba maiti haili, anayekula yu hai, na aliye hai asipokuwa kambini ni mtoro. Yasuzo akasema yuko tayari kufuatana naye, mradi amri imetoka kwa kanali. Kapteni akamshika kifundo cha mkono, akatafuta mapigo kwa muda mrefu, asiyapate. Akasema shauri hili si la idara yake. Akala mkate wa mchele aliokaribishwa, akaaga.

Hirasawa akapanda vyeo. Akapewa divisheni, kisha ofisi Tokyo, na kila alipopanda walitaja kilima. Nyumba ilihamia Tokyo, sinia likahamia, na Yasuzo akafika bila kuuliza njia. Wageni walimdhania msaidizi wa Jenerali, wakamwinamia kwa adabu. Fusa alijaribu mwenyewe siku moja: akamwambia shuka, mdogo wangu, yatosha. Yasuzo akamjibu kwa upole, "Dada, wewe huna cheo."

Ikafika asubuhi ambayo Jenerali alikuwa anaitwa kwenye jumba la kifalme kutunukiwa cheo cha baroni. Bi Tsune alikuwa hawezi kuinuka tena, amelala chumba cha pili nyuma ya mlango wa karatasi, na kitambaa cha kufungia kibao kiko kifuani pake. Fusa aliliweka sinia la Yasuzo uso kwa uso na mumewe, ukuta ukiwa nyuma yake, asiwe na pa kugeukia. Kisha akamwambia mumewe:

"Bwana, sikuombi ukiri kitu. Neno moja tu. Mwambie ashuke."

Jenerali alijua, na mkewe alijua, kwamba anayesema shuka leo amesema kuwa siku ile hakumwita, na luteni hakukimbia. Yasuzo alikuwa ameshasimama wima, mkono kwenye kofia.

"Bwana Kanali, tunashikilia kilima. Tunangoja amri."

Jenerali akavaa glavu zake nyeupe, kidole kwa kidole. Kwa mara ya kwanza tangu vita alimtazama shemeji yake machoni.

"Luteni, endelea kushikilia."

Kisha akatoka, na gari la farasi likaondoka. Nyuma ya mlango wa karatasi Bi Tsune alisikika akikikunja kitambaa chake, polepole, kwa namna ya mtu anayekirudisha kabatini. Fusa alitamani kuupindua ulimwengu wote na masinia yake. Lakini Yasuzo alikuwa ameketi tena na kuinua bakuli, na uso wake uling'aa namna ambayo dada yake hakuwahi kuiona tangu utotoni mwao.

"Unaona, Dada?" akasema. "Hajatusahau."