Kura ya Seno

Sisinzii, nafumba macho tu, namwambia Pak Darmo, mwenyekiti wa mtaa wetu na msimamizi wa kura leo, naye anacheka kwa sababu paji langu la uso limeshagusa meza. Ni saa saba mchana, foleni imekatika, joto limejaa ndani ya darasa tulilolifanya kituo cha kupigia kura, na mimi, Lasmi, mwalimu mstaafu, karani wa uchaguzi huu kama nilivyokuwa karani wa chaguzi zote za enzi ya Mzee, rais aliyetutawala miaka thelathini, nina karatasi moja chini ya kiwiko ambayo sitaki kuitazama. Pak Darmo kaniletea asubuhi. Weka saini tu, Bu Lasmi, alisema, akiniita kwa heshima anayopewa kila mama huku kwetu, kama nami ninavyomwita Pak, yaani baba, ni fomu ya kawaida, tunasafisha daftari la wapiga kura. Fomu inasema kwamba mwanangu Seno, aliyechukuliwa mbele ya chuo mwaka jana na watu wasiojitaja, wiki moja kabla Mzee hajang'oka madarakani, amefariki, na jina lake lifutwe. Nikisaini, nimemzika bila mwili. Nisiposaini, naendelea kumwekea sahani mezani. Kituo kinafungwa saa nane, na lazima niwe nimeamua.

Nainuka, au nadhani nainuka, maana kura yangu mwenyewe sijapiga na msumari uko kibandani umefungwa kwa kamba. Sisi hatuweki tiki, tunatoboa kwa msumari picha ya chama tunachokitaka. Navuta pazia. Nyuma ya pazia hakuna ukuta. Kuna barabara nyeupe, pana, isiyo na vumbi, na ina mikunjo, mkunjo kila baada ya hatua ishirini, nami nikivuka mkunjo mmoja mji uliokuwa mbele unakuwa ubavuni, nikivuka wa pili unakuwa juu yangu, mapaa yameelekea chini, nguo zimeanikwa juu chini na hakuna hata moja inayodondoka. Natembea, na barabara inanirudisha palepale, natembea tena. Mji wenyewe ni nusu mbili. Kila nyumba ya kushoto ina pacha wake kulia, mlango kwa mlango, mtungi kwa mtungi, kuku kwa kuku, na kila kitu kina tundu, ukuta una tundu, mtungi una tundu, kuku anatembea ana tundu ubavuni na mwanga unapita humo, wala haonekani kuumia. Hakuna sauti. Naogopa, na nikiogopa huwa mkali, ndivyo nilivyo, kwa hiyo naita kwa sauti ya darasani, hodi, nani msimamizi hapa?

Anakuja mtu amevaa sare ya watumishi wa serikali, imepigwa pasi sawasawa, na pale uso ulipopaswa kuwa pana mraba mweupe, kama ule unaobaki ukutani picha ya Mzee inaposhushwa baada ya miaka thelathini. Namtafuta Seno, namwambia. Anasema, yu karibu kwa asiyekunjua, yu mbali kwa anayekunjua. Nasema, mimi nimefundisha hesabu, usinizungushe, yu hai au amekufa? Anasema, uulizwe mkono uliokunja. Aibu inanipanda mpaka masikioni, maana huo mkono naujua, uko hapa mwisho wa kiwiko changu. Enzi ya Mzee niliikunja kila karatasi ya kura hivi na hivi, ikabaki juu picha moja tu, ya chama chake, nikawapa wazee wa mtaa, nikawaambia, Bibi, toboa hapa hapa, usijisumbue kukunjua. Seno aliniona. Bu, alisema, unawatobolesha wasichokiona. Nikamwambia anyamaze ale wali wake. Na leo, uchaguzi wa kwanza ulio huru, vyama arobaini na vinane, karatasi pana kama mkeka, nimewaona bibi zangu walewale wakitoka kibandani haraka, karatasi bado imekunjwa, tundu mbele na tundu nyuma. Msumari umepita tabaka zote mbili, wamechagua vyama viwili, kura imeharibika. Nimewaambia wakunjue, nimewaambia mpaka koo likakauka, lakini mkono uliozoeshwa miaka thelathini hausikii, na aliyeuzoesha ni mimi.

Mtu wa sare anatangulia, namfuata, mkunjo baada ya mkunjo, mpaka penye ukuta wa karatasi, na mbele yangu ukutani ni fomu ileile, kubwa kama mlango, ila hii ina visanduku viwili, HAI na AMEKUFA, na imekunjwa hivi kwamba kimoja kimelala juu ya kingine. Nyuma ya karatasi mtu anapumua. Naijua ile pua, huziba kila mvua zikianza. Bu, anasema Seno, umekula? Naweka kiganja kwenye karatasi na upande wa pili nausikia mgongo wake, joto lake, mfupa wa bega, kaegemea hapo hapo. Nimekula, nasema, namdanganya, sijala tangu alfajiri. Mtu wa sare ananipa msumari. Toboa, anasema, mara moja tu. Nauinua, na hapo naona nitakachofanya. Msumari utapita HAI, upite AMEKUFA, uingie mgongoni kwa mwanangu.

Kunjua, Bu, anasema Seno. Nikikunjua utaondoka, nasema. Nimekwisha ondoka, Bu, wewe ndiye unayenikunja. Sauti yake haina hasira, na afadhali ingekuwa nayo. Nashika pembe ya karatasi. Nakunjua mkunjo wa kwanza na mgongo wake unaondoka kwenye kiganja changu. Nakunjua wa pili, wa tatu, na mji unafunguka nami, nyumba pacha zinaachana, kuku anaachana na kuku, barabara inalala chini, na kila mkunjo unampeleka mbali, sasa namwona, shati lake la mistari, sasa ni mdogo kama mtoto wa shule ya msingi, sasa mdogo kama punje ya mchele pembeni mwa mkeka. Nalia, sina haja ya kuficha, nalia na mikono inaendelea. Alipoingia kidato cha kwanza nilimsindikiza mpaka getini na hakugeuka. Sasa hivi pia hageuki.

Karatasi yote iko wazi, visanduku viwili vimetengana, mwendo wa siku nzima kati yake. Chagua, anasema mtu wa sare. Sijamwona amekufa, nasema. Basi toboa HAI. Hai pia sijamwona, nasema, nyie ndio mnajua, jazeni nyie. Ule mraba mweupe unanisogelea hadi nauona una vumbi kingoni. Karatasi isiyotobolewa haihesabiwi, anasema. Isihesabiwe, nasema, na nautupa msumari, na sisikii ukianguka.

Bu Lasmi, Bu Lasmi, saa nane kasoro. Pak Darmo ananitikisa bega, ana uso, ana pua, anachuruzika jasho. Shavu langu limelowa. Darasa ni darasa, ingawa nahesabu madirisha, manne kushoto na manne kulia, na ningeapa kwamba kulia yalikuwa matatu. Saini je? anauliza. Namrudishia fomu, safi kama alivyonipa. Jina libaki, Pak. Anainamisha kichwa, anasema taratibu, Bu, likibaki sheria inanitaka niliite, kila asiyefika anaitwa mara tatu kabla sanduku halijafungwa, mbele ya watu wote hawa waliorudi kushuhudia hesabu. Liite, nasema.

Anachukua kipaza sauti, anaita wengine kwanza, mgonjwa mmoja, mmoja aliyehamia mji mwingine. Kisha, Seno Wicaksono. Bibi zangu wanatazama sakafu. Seno Wicaksono, mara ya pili. Mara ya tatu anaita kama anaomba radhi, na kule safu ya nyuma kiti kinasogezwa, mtu anapenga kamasi, anasema, nipo. Wote wanageuka. Mimi nimewapa mgongo, nimeshika meza kwa mikono miwili, na sigeuki, maana nikigeuka nitajua.