Tamthilia Iliyomalizwa Kabla ya Kurushwa

Pyo Geum-ran alipoacha kazi katika kituo cha televisheni na kufungua kampuni yake ya kutengeneza tamthilia, wenzake wa Yeouido, mtaa wa Seoul wenye vituo hivyo, walimpa mwaka mmoja kabla hajafilisika. Waliomhurumia walimpa miwili. Alikuwa na miaka arobaini na mitatu, hana mume wala mjomba serikalini, na kwa miaka kumi na saba kazi yake ilikuwa kutafuta mahali pa kupigia picha: jumba la tajiri, kituo cha polisi, daraja ambalo msichana ataachwa na mchumba chini yake mvua ikinyesha. Seoul nzima aliijua kama kiganja cha mkono wake. Lakini kuendesha kampuni? Walicheka na kurudi kwenye kahawa yao.

Aliipa jina la Sarimun, yaani lango la fito, lile lililokuwa kwa bibi yake mkoani Gangwon. Ofisi ilikuwa vyumba viwili mtaani Mapo, juu ya duka la tambi, na harufu ya mchuzi wa dagaa ilipanda ngazi tangu asubuhi ikaingia mpaka kwenye makabati.

Sababu ya kuacha kazi aliieleza mara chache. Enzi hizo tamthilia zote zilipigwa picha huku zikirushwa. Sehemu ya leo ilipigwa leo asubuhi, mwandishi akituma kurasa mbili mbili, na kila mtu akila na kusinzia kwa zamu garini. Watazamaji wakimpenda mwovu, anaongezewa maisha. Wakimchoka mama mkwe, anapewa saratani. Basi siku moja mchana, wakitoka Gangwon kukimbilia mjini, dereva wao ambaye hakuwa amelala siku tatu alifumba macho. Geum-ran alikuwa kiti cha nyuma. Kando yake alikaa Eom Chang-sik, mtu wa taa, akimmenyea yai la kuchemsha huku akimtania kwamba anakula kama bata. Waliobaki hai walijikuta mtaroni. Chang-sik hakuwa miongoni mwao.

Sehemu ile ilirushwa saa ile ile iliyopangwa. Maua ya kituo yalifika siku ya tatu, siku ya mazishi. Mjane wa Chang-sik hakumlaumu mtu. Alimshika Geum-ran mkono akamuuliza, "Dada, mara ya mwisho alilala lini?"

Ndiyo maana Sarimun ilizaliwa na masharti mawili. Tamthilia haitarushwa kabla onyesho la mwisho halijapigwa picha. Na jioni ikifika, taa zinazimwa, watu wanakwenda kulala kwao.

Miaka mitatu ya kwanza hakuna kituo kilichotaka kusikia habari hizo. Sarimun iliishi kwa kutengeneza matangazo ya majiko ya wali na filamu fupi za mahekalu ya milimani. Geum-ran alijikaza kisabuni. Kila mwezi alivaa koti lake la kijivu, akavuka mto kwenda Yeouido, akakataliwa, akarudi.

Asubuhi moja ya vuli, mwanamke mfupi wa miaka hamsini na minane alipanda ngazi za ofisi akihema, kifurushi kikubwa kimefungwa kwa kitambaa mikononi.

"Wewe ndiye yule kichaa anayetaka mswada wote kabla hajawasha kamera?"

"Ndiye mimi, Mwalimu. Karibu uketi."

"Basi nimekuletea wote. Sehemu kumi na sita. Nimeuandika miaka sita, maana simu yangu ilikuwa hailii."

Alikuwa Tak Yeon-hui. Zamani tamthilia zake zilifanya mitaa iwe mitupu, kisha akasahaulika. Geum-ran alimmiminia chai ya shayiri, akaanza kusoma. Ilikuwa habari ya wasichana watatu makondakta wa mabasi ya Seoul miaka ya sabini, waliotoka vijijini wakiwa na miaka kumi na saba, wakining'inia mlangoni na kugonga ubavu wa basi kwa kiganja ili dereva aondoke. Alipofika mahali ambapo wasichana wanavuliwa nguo na kupekuliwa kila zamu inapokwisha, eti wameficha nauli, aliinua uso.

"Haya umeyasikia wapi, Mwalimu?"

Yeon-hui alikuwa akitazama dirishani. "Sikuyasikia. Nilikuwa namba thelathini na moja."

Geum-ran akafunga mswada taratibu. "Tutaitengeneza," alisema.

Mkuu wa tamthilia katika kituo kimoja, bwana aliyeitwa Noh Jae-pil, mwenye sauti ya kujaa chumba, aliusoma mswada kwa wiki moja kisha akamwita.

"Bosi Pyo, nieleze. Wasichana watatu wenye jasho. Mtoto wa tajiri yuko wapi?"

"Hakupanda basi, Mkuu. Alikuwa na gari."

Noh alicheka mpaka akakohoa. Ukweli ni kwamba alikuwa kwenye shida: kampuni nyingine ilikuwa imegombana na mwigizaji wake mkubwa, na baada ya mwaka mmoja kungekuwa na pengo kwenye ratiba. Akasema atampa Geum-ran nafasi hiyo, ila haki zote za tamthilia ziwe za kituo, kama ilivyo desturi.

"Nipunguzie malipo," alisema Geum-ran, "lakini haki zibaki kwangu. Na uandike kwamba hakuna kitakachokatwa wala kuongezwa bila sahihi yangu."

"Hee! Mwanamke huyu! Sijawahi kuona mtu anaomba alipwe kidogo." Noh alichukua kalamu. "Andika upendavyo. Ikianguka utakuja mwenyewe kuniomba niikate." Mkataba ulipoletwa aliutia sahihi bila kuusoma.

Geum-ran aliuza nyumba yake, akahamia chumba cha nyuma cha ofisi. Kisha akafanya alichokijua kuliko mtu yeyote nchini: akaenda kutafuta mabasi. Mabasi ya zama zile yalikuwa yameyeyushwa kuwa vyuma zamani. Alizunguka mikoa mitatu, akauliza kwenye magereji na kwa mafundi wazee, hadi akayakuta mawili katika shamba la matofaa huko Yeongju, mkulima ameyageuza ghala. "Chukua," mkulima akamwambia, "ila unitolee matofaa kwanza." Geum-ran alivua koti, yeye na mafundi wake wakabeba masanduku siku nzima.

Mwongozaji alikuwa Bang Seok-ho, mtu hodari wa miaka arobaini aliyezoea kuishi kwa sigara na kahawa. Siku ya kwanza ya kazi, saa kumi na mbili jioni ilipogonga, Geum-ran alitangaza imetosha.

"Bosi, bado onyesho moja! Dakika arobaini tu!"

"Kesho."

"Mwanga huu kesho sitaupata!"

"Utapata mwingine."

"Unaniua, Bosi. Haki ya Mungu unaniua!"

Geum-ran alitembea mpaka kwenye jenereta, akaizima kwa mkono wake. Kimya kikaingia. Watu arobaini walisimama pale na nyaya mikononi, hawajui waelekee wapi. Hatimaye dada wa vipodozi akasema, "Mimi nikifika nyumbani saa hizi, mume wangu atadhani nimefukuzwa," na wote wakaangua kicheko. Bang peke yake hakucheka. Aliondoka amenuna, akamnunia Geum-ran wiki nzima.

Ila wiki ya tatu alifika kazini amenyoa ndevu. Mwezi wa pili alikuja na michoro ya maonyesho aliyoitafakari nyumbani kwake, bintiye akiwa amemkalia mapajani. Mvua za majira ya joto ziliwakwamisha siku kumi na moja, basi moja likafa katikati ya daraja, lakini kufikia mwanzo wa majira ya baridi onyesho la mwisho lilipigwa. Kaseti zote kumi na sita zilipangwa kabatini, zimekamilika na muziki wake. Hakuna mtu Yeouido aliyewahi kuona kitu kama hicho.

Tamthilia ikaanza kurushwa. Asubuhi iliyofuata asilimia za watazamaji zikatoka: nne nukta moja. Kituo cha jirani kilikuwa na hadithi ya mwana mfalme, asilimia ishirini na saba. Wiki ya pili, tamthilia ya Sarimun ikapata tatu nukta nane.

Noh hakupiga simu. Aliwaita ofisini kwake, Geum-ran, Yeon-hui na Bang.

"Kuna njia mbili," alisema, hakuketi hata kidogo. "Tukate ziwe sehemu kumi. Au mrudi mkapige maonyesho mapya: yule kondakta mdogo agundue kuwa ni binti wa siri wa mwenye mabasi. Watu wanapenda mtoto wa siri."

Geum-ran aligeuka kumtazama Yeon-hui, akashtuka. Mwandishi alikuwa ameinamisha kichwa, anasokota ukanda wa mkoba wake.

"Labda tuwape tu huyo mtoto," alisema kwa sauti ndogo. "Mdogo wangu, nilishasahauliwa mara moja. Mara ya pili sitaiweza."

Maneno hayo yalimchoma Geum-ran kuliko yote aliyowahi kuambiwa na Noh. Angeweza kumshinda Noh kwa mkataba, lakini huyu alikuwa na haki ya kuogopa. Alimvutia kiti chake karibu.

"Mwalimu, namba thelathini na moja alikuwa binti wa nani?"

"Wa mkulima wa vitunguu saumu. Unajua."

"Na aliyempekua alimwachia kwa sababu alikuwa binti wa mtu fulani?"

Yeon-hui akatikisa kichwa.

"Basi tukimfanya binti wa tajiri, tutakuwa tumemwambia kila mwenzako kwamba angekuwa na baba mkubwa angestahili heshima. Na wasiokuwa naye je? Kama umeamua, nitatia sahihi, jina lako ndilo liko juu. Lakini niambie ukiwa unanitazama."

Yeon-hui aliinua macho. Yalikuwa mekundu. "Iache kama ilivyo," alisema.

Bang akajikohoza. "Mimi pia nasema iachwe. Ndiyo kazi ya kwanza niliyoimaliza nikiwa nakumbuka nilichopiga."

Noh alipiga meza. "Nitaihamishia asubuhi!"

"Ihamishe, Mkuu. Waliokuwa makondakta huamka mapema," alisema Geum-ran. "Lakini Jumatatu utaweka nini mahali pake? Ile inayofuata ina sehemu ngapi tayari?"

Ilikuwa na mbili tu, na mwandishi wake alikuwa amelazwa hospitalini kwa uchovu. Katika jengo lote lile, kitu pekee kilichokamilika kilikuwa kaseti za Sarimun.

"Tokeni," alisema Noh. "Tokeni kabla sijapandwa na wazimu."

Sehemu ya saba ndiyo iliyokuwa na upekuzi. Bang alikuwa ameupiga bila muziki na bila kuonyesha mwili wa mtu: viatu vitupu vya wasichana vimepangwa sakafuni, na sauti za vifungo vikifunguliwa. Asubuhi yake simu za kituo zilianza kuita kabla wafanyakazi hawajavua makoti. Waliopiga walikuwa wanawake wa miaka hamsini na zaidi. Mmoja wa Incheon alisema mumewe, waliyeishi pamoja miaka thelathini, hakuwahi kujua kwamba alikuwa kondakta, na kwamba jana alimwambia, na mume akaenda jikoni akampikia chai. Mwingine alitaja namba yake ya kazi tu, akakata. Yeon-hui aliombwa aje kuzungumza nao. Alikaa kwenye simu siku nne mfululizo, akijitambulisha kwa kila mmoja, "Mimi ni thelathini na moja, dada, wewe ulikuwa njia ipi?"

Asilimia zikawa tisa. Zikawa kumi na nne, halafu ishirini na mbili. Wiki hizo mwigizaji wa mwana mfalme wa jirani alizimia akiwa kazini, sehemu moja ikakosa kurushwa, wakaweka marudio. Sehemu ya mwisho ya Sarimun ilifika asilimia thelathini na moja, na Yeon-hui aliposikia idadi hiyo alicheka mpaka akalazimika kushika ukuta.

Kabla ya hapo Noh alikuja mwenyewe Mapo, akapanda ngazi zenye harufu ya dagaa. Alitaka sehemu nne zaidi.

"Hakuna," alisema Geum-ran.

"Hakuna mtu aliyewahi kukataa kuongezewa!"

"Hadithi imeisha, Mkuu. Wasichana wameshaacha kazi. Nikiwarudisha kwenye basi watakwenda wapi?"

Kwa kuwa ilikuwa imekamilika na haki zilikuwa zake, aliiuza Japani na Taiwani msimu ule ule. Huko watafsiri walishangaa kupokea hadithi nzima mara moja. Mwaka uliofuata Sarimun ilikuwa na watu ishirini na wawili, miaka minne baadaye sabini, na ghorofa tatu mtaani Sangam zenye madirisha makubwa. Waliowahi kucheka walianza kutuma vijana wao kuuliza jinsi ratiba yake inavyopangwa. Geum-ran aliwapa nakala bure. Wengine waliifuata, wengine waliirudisha kabatini, naye hakuchoka kuwapigia simu kuwauliza kama watu wao wanalala.

Siku moja ya masika, Noh, mvi zimemjaa, alifika Sangam na sanduku la matunda. Alitaka tamthilia mpya kwa ajili ya vuli.

"Vuli ya mwaka kesho," alisema Geum-ran.

"Nisubiri mwaka mzima?"

"Mwaka na nusu. Mwalimu Tak ndiyo kwanza yuko sehemu ya tatu, na sijamharakisha."

Noh alimtukana kidogo, kwa upendo, kama watu waliopigana muda mrefu. Kisha akaomba kalamu. Geum-ran alimsogezea mkataba, akachagua tunda moja sandukuni, akaanza kulimenya huku akimsubiri asome kila ukurasa, kwa sababu safari hii alimtaka asome.