Kila Mfuniko na Sufuria Yake

Duka lile lilikuwa na viti mia sita na hapakuwa na hata kimoja cha kukalia. Mwenyewe alitaka hivyo. Mteja akikaa hupiga soga, alisema, na viti vile ni vya kazi. Alikodisha vyombo vya shughuli: viti, meza, sahani, mabirika, na sufuria kubwa za kupikia halaiki ya watu. Mtaa mzima ulimwita Mama Sufuria, na jina hilo alilipokea bila kinyongo. Stashahada yake ya utunzaji wa ghala aliitundika ukutani, mkabala na mlango, ili mteja mbishi aione kabla hajafungua mdomo.

Kitindamimba wake alikuwa mwaka wa mwisho chuoni, akisomea kompyuta. Kazi yake ya kuhitimu ilikuwa kusanifu hifadhidata ya duka halisi, na mkufunzi angekuja Jumamosi kuikagua palepale. Ikikataliwa, anarudia mwaka mzima. Binti alichagua duka la mama yake kwa sababu lilikuwa karibu, na siku ya kwanza tu akajua ukaribu nao una adhabu yake.

"Nionyeshe," mama alisema Jumatatu asubuhi, akivaa miwani.

Binti akafungua kompyuta. Jedwali moja refu likajaa kwenye skrini: tarehe, jina la mteja, simu yake, mtaa anaokaa, vyombo alivyochukua, siku ya kurudisha. Kila oda na mstari wake. Mama alisoma kimya, kidole kikishuka taratibu.

"Huyu mpishi namwona hapa, na hapa, na hapa tena. Kaja mara ngapi?"

"Mara arobaini na moja."

"Na simu yake umeiandika mara arobaini na moja."

"Ndiyo, mama."

"Akibadilisha laini?"

Binti akaanza kuihesabu mistari kwa macho.

"Utarekebisha arobaini, moja utaisahau, na hiyohiyo ndiyo nitakayoipiga mimi. Jambo moja huandikwa mahali pamoja, mwanangu. Nilifundishwa hivyo kabla hujazaliwa, kwa kalamu na karatasi."

"Hata darasani wanasema hivyo."

"Basi wanasema kweli. Wewe ulikuwa unasikiliza nini?"

Mlangoni dereva wa pikapu alicheka. Alikuwa mtu mzima aliyeitwa Kobe, kwa kuwa katika miaka yake yote ya kazi hakuwahi kuvunja sahani wala kuwahi kufika. "Bosi mdogo, leo umepatikana."

"Kobe, viti havijipakii," mama alisema bila kugeuka.

Kufikia alasiri binti alikuwa amelivunja lile jedwali. Wateja wakawa na lao, vyombo lao, oda lao, na katikati ya oda na vyombo akaweka jedwali dogo la kuonyesha oda ipi ilichukua chombo gani, na kiasi gani. Alichora visanduku na mistari nyuma ya kalenda ya mwaka uliopita. Mama aliutazama mchoro huo amesimama, mikono kiunoni.

"Sasa inaanza kufanana na ghala," alisema. Kwake yeye, hiyo ilikuwa sifa kubwa.

Jumanne kukazuka jingine. Kompyuta yenyewe ilikuwa kuukuu, binti aliirithi kwa kaka yake, na ndani mlikuwa na oda za miaka sita zilizonakiliwa kutoka kwenye madaftari ya mama. Ukiiuliza ni vyombo gani vinatoka Jumamosi, ilikuwa inakaa kimya mpaka unasahau ulichouliza.

"Inafanya nini?"

"Inatafuta, mama. Inasoma mstari wa kwanza mpaka wa mwisho."

Mama akavua miwani. "Mimi nikitaka birika, naanza kukagua viti?"

Akamshika mkono, akamzungusha ghalani kama mgeni. Karibu na mlango palikuwa na sahani na vikombe, vinavyotoka kila wiki. Sufuria zilikaa rafu za chini, maana mzigo mzito hauwekwi juu ya kichwa cha mtu. Taa za rangi, ambazo hutakiwa mara mbili kwa mwaka, zililala kwenye kona ya mwisho. Na kwenye nguzo ya katikati palikuwa na ubao wa tarehe, kila tarehe na watu wake.

"Mteja haniulizi sahani ziko rafu ipi. Ananiuliza, Jumamosi zipo? Kwa hiyo anza na tarehe."

Binti alirudi kwenye kompyuta, akaipa tarehe faharasa yake ili mashine iiendee moja kwa moja, na oda za miaka ya nyuma akazihamishia kwenye jedwali la kando. Safari hii jibu lilitoka kabla hajainua kidole.

"Huu tunauita usanifu wa kimaumbo," alisema, akitabasamu. "Wa jana ulikuwa wa kimantiki."

"Jana ulijua kitu ni nini, leo umejua kinakaa wapi. Majina marefu hayo mnafundishwa muhula mzima?"

Jumatano wakaijaribu kwa kazi ya kweli. Mpishi yule wa oda arobaini na moja alitaka sufuria sita kubwa siku hiyohiyo. Kompyuta ikatoa orodha: sufuria kubwa sita, mifuniko mikubwa sita. Siku zote mama ndiye aliyetoa sufuria kwa mikono yake, lakini safari hii alikaa kando makusudi, ili mashine ijulikane ni ya kweli au ya urembo. Kobe akapakia kwa kufuata orodha, akaondoka.

Saa sita mchana simu ikalia. Mama aliisikiliza ameiweka mbali kidogo na sikio.

"Mama Sufuria, mifuniko hii umenipa ya nani?" mpishi aliuliza.

"Yako."

"Minne inacheza kama kofia ya kuazima, miwili haikai kabisa. Nina watu mia nne hapa, na mvuke wote unapaa darini."

Kobe akatumwa na mifuniko yote iliyobaki, mpishi ajichagulie. Mama alimwambia aende mbio, naye akaitikia kama kawaida yake, kisha akaenda kama kawaida yake.

Binti alikuwa amesawajika. "Mama, wewe mwenyewe ulisema sufuria ishirini na nne, mifuniko ishirini na nne, saizi tatu. Nimeandika ulichosema."

Mama alifungua mdomo amkaripie, halafu akazitazama sufuria zilizobaki. Zilikuwa na miaka kumi na mitano ya kuanguka na kugongwa nyundo. Moja mdomo wake umekuwa wa mviringo wa yai, nyingine ukingo umepinda, na kila mfuniko uligongwa juu ya sufuria yake mpaka ukakubali. Yeye aliijua kila jozi. Mkono ulichukua sufuria, ukachukua mfuniko wake, macho yakiwa kwa mteja. Hapakuwa na karatasi yoyote iliyosema hivyo.

"Kosa ni langu," alisema. Maneno hayo hayakuwa na mazoea ya kutamkwa dukani pale. "Sikukwambia kwa sababu sikujua kwamba najua."

Binti, aliyekuwa ameshajiandaa kwa ugomvi, alikosa pa kuupeleka. "Kwa hiyo mfuniko si kama sahani."

"Sahani ukihesabu mia umemaliza. Sufuria ni kama watoto wangu, kila mmoja na kichwa chake."

"Basi kila sufuria ipewe namba, na mfuniko uchukue namba ya sufuria yake. Usitoke bila yenyewe."

Alhamisi sufuria zikarudi zimeoshwa. Wakakaa sakafuni kwa msumari na nyundo, wakigonga namba kwenye mishikio. Mama aliunganisha jozi, Kobe akashikilia, binti akaandika kwenye kompyuta. Kobe aliuliza kama naye atagongwa namba. Mama akamjibu kwamba aliye peke yake hahitaji.

Jumamosi saa nne mkufunzi akaingia, mwanamke mwembamba mwenye mkoba mzito. Aliitazama stashahada, akamtazama mwenyewe.

"Mzazi, naomba usimsaidie. Hata kwa kukonyeza."

"Mimi nina vikombe vya kuhesabu," mama alisema, akaenda kuhesabu vikombe alivyokwisha kuhesabu.

Mkufunzi aliamuru simu ya mteja mmoja ibadilishwe, na namba mpya ikaonekana katika oda zake zote. Akauliza vya Jumamosi ijayo, jibu likaja papo hapo. Kisha akainama, akachukua mfuniko rafuni, akasoma namba kumi na saba.

"Kwenye mchoro wako, mfuniko unaitegemea sufuria. Sufuria hii ikitoboka ukaifuta, mfuniko nao unafutika?"

Mama akaacha kuhesabu. Hilo hawakulizungumza. Jibu alikuwa nalo ulimini, na aliubana ulimi kwa meno mpaka ukauma.

Binti aliinua macho kwenye rafu ya juu. "Haufutiki. Yale masinia matatu pale yalikuwa mifuniko. Katikati yana tundu la mshikio. Sufuria zake zilipokufa, yakageuzwa masinia. Kwa hiyo ukitaka kufuta sufuria, mfumo unauliza kwanza kama mfuniko upo. Ukiwepo, unaandikwa kwenye masinia, ndipo sufuria inafutwa."

"Hebu tuone."

Binti akabonyeza. Mfumo ukauliza. Mkufunzi akausoma ujumbe mara mbili, akatoa kalamu, akatia sahihi ukurasa wa mwisho.

"Umefaulu," alisema. "Na tarehe ishirini nina wageni. Mna meza kumi?"

Binti akaangalia. "Zipo."

Mkufunzi alipoondoka, mama alikuja na kikombe mkononi.

"Mambo ya masinia nani kakwambia?"

"Hakuna. Ijumaa nilihesabu mifuniko, ikazidi mitatu. Nikaigeuza nikaona tundu."

Mama aliyatazama masinia yale, akamtazama na binti. Kifua kilijaa, lakini hakuwa mtu wa kukifungua hovyo.

"Kuna kingine unachokijua bila kujua?" binti aliuliza.

"Nitajuaje?"

"Basi nitaendelea kukuangalia."

"Niangalie huku unapanga vikombe," mama alisema, akampa alichokuwa nacho mkononi.