Marehemu wa Ghorofa ya Saba

Ilani kwa walimwengu wote: sanaa ya filamu imezaliwa upya jijini Sofia, na mkunga wake ni mimi, Yavor, mwanafunzi wa bweni niliyeko likizo. Vifaa vilikuwa simu moja yenye kioo kilichopasuka, na rafiki yangu Kalin, ambaye naye ana ufa mahali fulani.

Filamu yetu fupi ilikusudia kuthibitisha kwamba katika jengo letu la watu mia mbili hakuna anayemjua jirani yake. Basi nilibandika tangazo la kifo kwenye mlango wa chini, katikati ya yale ya kweli, maana kwetu wafu hutangazwa na kukumbukwa kwa karatasi za mlangoni: Lyuben Daskalov, ghorofa ya saba, siku arobaini tangu atutoke. Hakuna Lyuben, nyumba ile ni tupu. Simu tukaificha juu ya masanduku ya barua.

Siku mbili watu walipita bila kugeuza shingo. Nilifurahi kama mchimba kaburi mwaka wa tauni.

Siku ya tatu, Shangazi Zlatka wa ghorofa ya sita, mjane anayeishi peke yake, akasimama. Akasoma, akasoma tena. Kesho yake alikuwa pale pale na bakuli la ngano iliyochemshwa, yenye sukari, akimpa kila apitaye kijiko kimoja kwa ajili ya roho ya marehemu.

"Alikuwa mtu mkimya," akasema fundi wa lifti, mdomo umejaa.

"Mkimya wapi! Kila Jumapili nyundo, ko, ko, ko!" akadakia mama mmoja.

Kalin alicheka hadi ngano ikampalia. Mimi sikuweza, maana Shangazi alikuwa ameniita pembeni.

"Yavor mwanangu, mtu kafa juu ya kichwa changu, siku arobaini, nami nalalamikia bei ya siagi. Nikifa mimi nani atajua? Paka wangu hana mikono ya kubandika karatasi." Akanikabidhi maua meupe, mawili, kwani kwetu maua ya wafu huhesabiwa kwa jozi. "Nipelekeni nikamwombe radhi. Kazikwa wapi?"

"Kaskazini," nikasema.

"Kusini," akasema Kalin, aliyekuwa amenifuata, papo hapo.

Shangazi akatutazama mmoja mmoja, bila haraka.

"Hakuna kaburi, Shangazi," nikasema. "Hakuna Lyuben. Nilimtunga mimi. Na jana ulipokuwa unasoma, tulikurekodi. Nilipokuona kwenye simu nikamwambia Kalin: safi sana, laiti angelia kidogo."