Mtoto Aliyengoja Jina

Siku walipoukimbia mji wa Baraka, Mama Bertin alipakia kwenye mtumbwi sufuria yake kubwa, gunia la unga wa muhogo, mkwewe Ketsia mwenye mimba iliyokaribia, na rafiki yake Nyiransengimana. Kuhusu sufuria, unga na Ketsia hakuna aliyeuliza kitu. Lakini Nyiransengimana alikuwa mama wa milimani, wa Minembwe, na vita vilikuwa vimewafanya watu wa milimani na watu wa ziwani wasitazamane usoni. Zamani wale wamama wawili walibadilishana siagi na samaki sokoni, mpaka urafiki ukaishinda biashara. Watu wake walipopanda kurudi juu, homa ilikuwa imemlaza nyumbani kwa Mama Bertin.

"Mugonjwa wangu mi siwezi kumuacha," Mama Bertin alimwambia mwenye mtumbwi. "Kama iko muzito, tupa unga."

Unga haukutupwa, na kwenye rasi ya Ubwari walifika wote. Huko Nyiransengimana akaitwa Mama Marie, ili jina lake lisitaje milima. Kijiji kizima kilijua, na kijiji kizima kilinyamaza, maana Mama Bertin ukimuudhi utasikia habari zake hadi mavuno. Wakiwa wawili tu shambani, alimwita rafiki yake kwa jina lake lote bila kulifupisha. Alikuwa amekwisha kuambiwa kwamba ndani ya jina hilo mna habari ya mwanamke amwombaye Mungu, naye hakuona vizuri kukata sala katikati.

Yeye mwenyewe alibatizwa Adolphine. Lakini tangu amzae Bertin, mtoto wake wa pekee, jina hilo lilibaki kwa padri. Dunia yote ilimwita Mama Bertin, na yeye alilipenda jina hilo kuliko kitenge chochote alichowahi kuvaa.

Bertin, mume wa Ketsia, alikuwa ameenda Misisi kuchimba dhahabu kabla barabara haijafungwa. Kisha ikaja habari kwamba shimo limeporomoka na watu wamebaki ndani. Aliyeileta hakuwa ameona kitu. Alikuwa ameambiwa na mtu, ambaye naye aliambiwa. Muda mfupi baadaye Ketsia akajifungua mtoto wa kiume, mwenye masikio ya Bertin yaliyochomoza vilevile.

Hapo ndipo shida ilipoanza. Katika ukoo wao mtoto hapewi jina la baba yake ikiwa baba yu hai. Jina hilo hushuka kwa mwana baba akiwa amezikwa, au ukoo ukiwa umekata tamaa ya kumzika. Na mzee Isidore, kaka wa marehemu mume wa Mama Bertin, mtu wa haki na kwa sababu hiyo msumbufu, alikuwa ameamua.

"Shemeji, mutoto hawezi kukaa bila jina," alisema. "Batu banamuita 'Ule', ule mutoto tu. Mutoto wa Bertin, 'Ule'?"

"Heri 'Ule' kuliko jina ya marehemu."

"Jumamosi hii, siku ya posho, tunamuita Bertin. Ketsia ananyolewa, tunalia kilio yetu, inaisha. Mi pia nilimupenda."

Hilo la mwisho lilikuwa kweli, na ndilo lililomuumiza Mama Bertin. Kama mzee angekuwa mbaya, shemeji yake angempigia kelele akamaliza. Ketsia alisikia yote akiwa mlangoni na mtoto kifuani. Chakula cha siku hiyo hakukigusa. Akinyolewa nywele atakuwa mjane, na Bertin atakuwa amekufa, hata kama wakati huo anatembea porini akitafuta njia ya kurudi. Mama Bertin aliogopa sana. Aliogopa zaidi kwa sababu kuna asubuhi alipoamka akijikuta amekwisha kuamini kwamba mwanawe hayupo.

Kesho yake, wakimenya mihogo, Nyiransengimana alimwambia taratibu, "Kwetu baba na mama habaanzi kutaja jina. Tunapikia batoto ba majirani, banakula, kila moja anasema jina yenye anapenda. Kisha bazazi banachagua mule."

"Na bazee?"

"Bazee banasikiliza."

Mama Bertin akaweka kisu chini. Wazee wanasikiliza. Alikuwa hajawahi kusikia desturi nzuri kama hiyo.

Hakuwa mtu wa kuachia mambo bahati. Aliwapitia watoto wa kijiji mmoja baada ya mwingine na karanga za kukaanga, akawafundisha majina mazuri, lolote lile mradi lisiwe la mwanawe. Ni Fanny tu, kajukuu ka Isidore, ambaye hakufundishwa, kwa sababu alikuwa ndani na homa.

Siku ya posho ikafika. Ile sufuria kubwa ikajaa ugali, na samaki wa mchuzi wakawekwa kando. Watoto wakakaa kuizunguka, na Fanny, aliyepata nafuu asubuhi ile, akajipenyeza katikati yao. Mama Bertin akamwona, lakini utamfukuzaje mtoto aliyetoka kuugua mbele ya samaki?

"Ile desturi inatoka wapi?" aliuliza Isidore.

"Shemeji, vita inachanganya kila kitu. Kaa ule."

Mama Marie alitazama vidole vya miguu yake. Mzee akamwangalia, akaguna, akakaa.

Raphaël alianza kwa kulitoa jina lake mwenyewe, kwa ukarimu mkubwa. Roger, ambaye somo lilikuwa limemtoka pamoja na karanga, alisema "Yamaha", jina la mashine aliyoiona kwenye boti. Mwingine akasema "Shimwa", kama alivyofundishwa. Mama Marie akafunika mdomo kwa kitenge, kwani hilo ndilo jina la mwanawe aliyebaki milimani, na hakujua kama rafiki yake alikuwa bado analikumbuka.

Kisha Fanny akasema, "Bertin."

Mikono ikasimama juu ya sufuria.

"Munasikia," alisema Isidore kwa sauti ndogo, na hakuonekana kufurahi.

"Ngojeni," alisema Mama Marie, aliyekuwa hasemi mbele ya watu. "Mutoto anaulizwaka kwanza. Fanny, juu ya nini Bertin? Sababu gani?"

Fanny akalamba mchuzi kwenye kidole. Bertin ndiye aliyekuwa akimbeba mabegani kwenda ziwani, na hilo watu wote walilijua. "Juu bakuwe babili. Papa yake akirudi, mukiita Bertin, baitike bote."

Akarudi kwenye samaki wake. Kati ya watu wazima, Ketsia ndiye aliyeinuka, akamwendea mzee Isidore na mtoto mikononi, akapiga magoti mbele yake.

"Baba, mi njo muzazi, mutoto ni wangu, nachagua ile ya Fanny. Vile yeye anaisema, si vile ukoo inaisema. Jina ninachukua. Kilio, hapana."

"Mukwe, kwetu haiko vile."

"Najua, baba."

Mzee alimtazama. Macho yake yakamhama, yakaenda kwa mjukuu wake aliyekula bila wasiwasi, kama mtu aliyekwisha kusema jambo lililo wazi. Mwisho akanyoosha mikono, akampokea mtoto, akamgeuza apate kuyaona vizuri yale masikio.

"Bertin," alisema. "Bertin mudogo. Tumungoje mukubwa wako."

Mama Bertin akalia mbele ya watu wote, bila kujificha. Tangu ile habari ya shimo, jina la mwanawe lilikuwa likitajwa kwa kunong'ona nyumbani mwao. Sasa lilikuwa limeitwa kwa sauti, na Bertin mdogo akafungua mdomo, akapiga kelele akitaka kunyonya.